Ramani za Bahari na Mwamba wa Kwetu



Naomba nafasi katika kurasa za Kiswahili za gazeti letu. Katika toleo lililopita kijana mmoja wa kidato cha tatu aliandika habari za Wazungu waliokuja zamani kupima pwani na maziwa ya Afrika, akamaliza kwa kusema ya kuwa ramani zao zote zilikuwa funguo za wezi, nasi hatuna deni lolote kwa watu waliozichora. Nilipenda maandishi yake. Yana nguvu, na Kiswahili chake ni safi kuliko kile tulichokuwa tukikiandika sisi tulipolala katika mabweni hayo hayo. Lakini mimi ni mpima ardhi, na kazi hii nimeifanya kwa miaka zaidi ya 20. Tena nimezaliwa kando ya ziwa. Kwa sababu hizo mbili siwezi kunyamaza. Nusu ya maneno yake nayakubali. Nusu ya pili nitaipinga, nami namwomba anivumilie kama mtu anavyomvumilia kaka yake.

Nianze kwetu. Kijiji chetu kiko Busoga, mahali ambapo Ziwa Viktoria lina visiwa vingi vidogo. Kiasi cha nusu saa kwa kasia kutoka mwaloni kuna mwamba usioonekana. Wakati wa kiangazi kikali maji huuzunguka kwa povu kidogo, na ndege weusi hukaa juu yake kana kwamba wamesimama juu ya maji matupu. Mvua zikiwa nyingi hata povu halipo. Watu wa kwetu wameupa jina la mwanamke mmoja mkali wa zamani, ambaye sitamtaja kwa kuwa wajukuu wake wangali hai. Kila mtoto wa mwalo ule anajua kuupita: ukiwa unatoka visiwani, uuweke mti mkubwa wa kanisa juu ya paa la ghala la samaki, usiache mti uteleze kwenda kulia mpaka umepita.

Nilipokuwa kidato cha pili, mtumbwi wa mjomba wangu ulirudi usiku na magunia ya dagaa na watu 7. Mshika usukani hakuwa mtu wa kwetu. Alitoka mwalo mwingine, mwendo wa siku moja, akaajiriwa kwa sababu mjomba alikuwa na homa. Hakuwa mlevi wala mjinga. Alikuwa mvuvi mzuri kabisa katika maji aliyoyazoea. Mtumbwi ukapanda juu ya mwamba ule, ubao wa chini ukapasuka, na watu wawili hawakufika pwani. Mmoja wao alikuwa mtoto wa mjomba, aliyenizidi mwaka mmoja, ambaye nililala naye kitanda kimoja utoto wetu wote. Matangani nikamsikia mzee mmoja akisema kwa huzuni, na wala hakuwa na nia mbaya: "Lakini mwamba ule kila mtu anaujua."

Basi kila nisomapo habari za ramani za bahari, nalikumbuka neno hilo. Kila mtu anaujua. Watu waliokufa hawakuujua.

Sasa tuende mbali kidogo, hata Uingereza, ili kijana wetu aone ya kuwa wenyewe walioleta ramani walikuwa wakifa kwa ujinga huo huo. Usiku wa tarehe 22 Oktoba 1707, kwa kalenda waliyokuwa wakiifuata Waingereza wakati ule, manowari za Sir Cloudesley Shovell zilikuwa zikirudi kutoka bahari ya Mediterania. Manahodha walidhani wamefika katika mlango wa bahari kati ya Uingereza na Ufaransa, wako salama. Kumbe walikuwa wakielekea moja kwa moja kwenye miamba ya visiwa vya Scilly. Merikebu nne zilipotea, na watu kati ya 1,400 na 2,000 wakafa, pamoja na jemadari mwenyewe. Hakuna adui aliyepiga hata risasi moja.

Habari hii husimuliwa katika vitabu vingi vya shule, na karibu siku zote husimuliwa kwa njia moja: walikufa kwa sababu hawakujua longitudo, yaani wako mashariki au magharibi kiasi gani; ndipo mwaka 1714 Bunge likatoa ahadi ya zawadi ya paundi 20,000, na fundi seremala John Harrison akatengeneza saa isiyoharibiwa na mawimbi. Ni habari nzuri, wala si uongo. Lakini mimi kama mpima naona imekatwa nusu. Miaka kama sita au saba kabla ya msiba ule, mtaalamu wa nyota Edmond Halley alikuwa amekwisha kutoa tangazo la kuwaonya mabaharia wote waingiao katika mlango ule. Alisema mambo mawili: kwanza, sindano ya dira haielekei tena mahali ilipoelekea zamani, na pili, ramani nyingi zimeweka visiwa vya Scilly kaskazini kupita mahali pake pa kweli. Onyo lilikuwapo, limepigwa chapa. Ramani mbovu ziliendelea kuuzwa, na watu wakaendelea kuzitumia.

Ufikirie jambo hili. Hata kama Shovell angekuwa na saa ya Harrison mkononi, angejua mahali alipo yeye, lakini asingejua mahali ulipo mwamba, kwa kuwa karatasi ilimdanganya. Kujua pako ni kazi ya nahodha. Kujua pa mwamba si kazi ya nahodha mmoja hata kidogo. Lazima mwingine awe amekwenda mbele yake, siku ya shwari, bila haraka, akapima, akaandika, kisha akampa kila mtu. Nadhani watu wameisifu saa kwa sababu ina fundi mmoja, na habari ya fundi mmoja husimulika vizuri. Kazi ya kupima pwani ni ya watu wengi na haina mwisho, ndiyo maana haina shujaa.

Sasa nirudi kwenye bahari yetu ya Hindi, maana kijana alisema, na hapa alisema kweli, ya kuwa wenyeji walijua njia kabla ya mgeni yeyote. Aprili 1498 Vasco da Gama alipofika Malindi hakuwa na ramani ya kumvusha. Sultani wa Malindi alimpa rubani, akaondoka tarehe 24 Aprili, na kwa muda wa siku 23 hivi akaiona pwani ya India. Wako wanaosema rubani huyo alikuwa Ahmad ibn Majid, mwanazuoni mkubwa wa bahari kutoka Julfar katika Ghuba. Wataalamu wengi wa leo hawakubali, husema alikuwa mtu wa Gujarati. Kwa hoja yangu si kitu. La maana ni kwamba rubani alikuwapo, na ujuzi wake ulikuwa kamili: alijua pepo za kusi na kaskazi, alijua nyota gani isimame vidole vingapi juu ya upeo wa bahari, na alijua rangi ya maji karibu na nchi kavu. Ibn Majid mwenyewe aliandika vitabu, tena vingi vyake kwa mashairi, ili wanafunzi wavishike kichwani.

Kwa hiyo ni upuuzi kusema bahari hii ilikuwa gizani mpaka alipokuja mgeni na bildi yake. Hata majina yanashuhudia. Kilindini, bandari kubwa ya Mombasa, maana yake ni mahali penye kilindi, maji ya kina kirefu. Mtu aliyepaita hivyo alikuwa amekwisha kupapima, ama kwa bildi ama kwa upondo uliokosa kufika chini. Jina lile ni ramani ya neno moja.

Lakini hapa ndipo ninapoachana na kijana wetu. Ujuzi wa rubani ulikaa ndani ya rubani. Ukitaka kuupata, umwajiri yeye, au uwe mwanawe. Akifa kwa tauni, au akikosana na sultani, njia inafungwa. Wala usidhani Wazungu walikuwa tofauti katika jambo hili! Wareno walizificha ramani zao kama dhahabu. Kampuni ya Waholanzi ya biashara ya Mashariki ilikuwa na ramani zilizoandikwa kwa mkono, ambazo manahodha walipewa wakiondoka na kutakiwa kuzirudisha wakifika. Ramani ilikuwa mali ya biashara, na aliyeizuia alifurahi kumwona mshindani wake akipanda mwamba. Hata Waingereza, walioanzisha ofisi ya ramani za bahari mwaka 1795 chini ya Alexander Dalrymple, walikuwa na marundo ya karatasi za vipimo yasiyopangwa, huku nahodha wa manowari akinunua ramani kwa fedha yake mwenyewe, nzuri au mbaya, kama alivyoweza. Ramani ya kwanza ya ofisi ile ilitoka mwaka 1800. Katika vita virefu vya wakati ule na Wafaransa, manowari zao zilizopotea kwa miamba na dhoruba zilizidi sana zile zilizopotea kwa mizinga.

Badiliko lililookoa watu wengi lilikuja katika miaka ya 1820, ofisi ile ilipoanza kuuza ramani zake kwa merikebu za biashara, na za mataifa mengine pia. Ni jambo la karani na duka, halina fahari hata kidogo, na sijaona kitabu cha shule kinacholitaja. Nami nalihesabu kuwa kubwa kuliko saa ya Harrison.

Katika miaka hiyo hiyo ndipo pwani yetu ilipopimwa. Mapema mwaka 1822 nahodha William Fitzwilliam Owen alitoka Uingereza na manowari mbili, Leven na Barracouta, kuja kupima pwani ya mashariki ya Afrika, ambayo ramani zake wakati ule zilikuwa za kale na zenye makosa mengi. Wanafunzi wa shule iliyo mbali na bahari huenda hawajui kazi hii hufanywaje, nami naomba niieleze, kwa kuwa ni kazi yangu mwenyewe iliyotiwa maji.

Kwanza unashuka pwani na kupima mstari mmoja ulio sawa kwa uangalifu mwingi. Kutoka ncha zake mbili unalenga kilima, mnazi mrefu, au pembe ya ngome, unasoma pembe, na kwa hesabu za pembetatu unapata umbali bila kwenda huko. Kutoka pembetatu moja unajenga nyingine, hata pwani nzima imefungwa katika wavu wa pembetatu. Mahali pa wavu huo duniani hupatikana kwa jua la adhuhuri, linalotoa latitudo, na kwa saa za baharini, zinazotoa longitudo. Dunia huzunguka nyuzi 15 kwa saa moja. Kwa hiyo saa ikikosea dakika moja tu, katika maji ya Mombasa, karibu na ikweta, umekosea kiasi cha maili 15 za bahari. Ndiyo sababu mpimaji huwa na saa kadhaa, azilinganishe, maana saa moja ikiwa mwongo huwezi kumkamata.

Kisha huja kazi ya mashua, nayo ndiyo inayoua watu. Mashua hupiga makasia kwa mistari iliyonyoka, kutoka pwani hata kilindini, na kurudi. Mtu mmoja husimama na bildi, kipande cha risasi kilichofungwa kwenye kamba yenye alama za pima. Pima ya Kiingereza ni futi 6, nayo ilitoka katika mikono miwili iliyonyoshwa, sawa na pima ya Mswahili. Katika hilo hakuna aliyemfundisha mwenziwe. Chini ya bildi kuna kishimo cha kutia shahamu, ili ikigonga chini ilete mchanga, tope au vipande vya matumbawe, mpimaji ajue nanga itashika au itateleza. Kila bildi ikishuka, mwingine husoma pembe mbili kati ya alama tatu za pwani, na mahali pa mashua panajulikana. Halafu makasia tena. Fanya hivyo mara elfu, juani, halafu mara elfu nyingine. Nami nimepima viwanja vya watu vyenye nyuki na mbwa wakali, lakini sijapata kazi kama ile.

Na homa. Wakati ule hakuna aliyejua ya kuwa mbu ndiye aletaye malaria. Jambo hilo lilithibitika mwaka 1897 tu. Watu wa Owen walilala katika mashua ndani ya mito na vinamasi, na walipougua madaktari waliwatoa damu, wakazidi kudhoofika. Katika ghuba ya Delagoa, ambayo leo ni ghuba ya Maputo, walikufa wengi mwishoni mwa mwaka 1822. Safari ilipokwisha mwaka 1826, zaidi ya nusu ya mabaharia walioondoka na Owen walikuwa wamekufa, wengi kwa maradhi. Walirudi na ramani karibu 300.

Nilipokwenda Mombasa mara ya kwanza nilimwuliza kijana wa matatu kwa nini mahali pale panaitwa Port Reitz. Akaniambia ni jina la kampuni. Siyo. Luteni John James Reitz alikuwa ofisa kijana wa Leven. Mwaka 1824 Wamazrui wa Mombasa, waliokuwa wakiogopa kuzingirwa na Sayyid Said wa Maskati, waliomba ulinzi wa Waingereza, naye Owen akakubali pasipo amri ya serikali yake. Akamwacha Reitz awe gavana. Kabla ya mwezi Mei kwisha Reitz alikuwa amekufa kwa homa. Ulinzi wenyewe ulidumu hata mwaka 1826, London ikaukataa, bendera ikashushwa, na mwaka 1837 Sayyid Said akaitwaa Mombasa.

Hapa kijana wetu atasema: "Umeona? Alikuja na bildi, akaishia na bendera." Ndiyo, nimeona. Nami sitamtetea Owen katika jambo ambalo hata wakubwa wake walilikataa. Tena naongeza: wapimaji wengine walimfuata, kama William Wharton aliyepima maji ya Unguja katika miaka ya 1870, na kwa ramani hizo zilipita manowari zilizokamata majahazi ya watumwa, na baada ya hizo zikapita meli zilizoleta utawala. Aliyetaka kuikamata nchi alifurahi kuwa na ramani. Hilo ndilo lile nusu ninalolikubali, nami silitii sukari.

Lakini mwamba haukuwapo kwa ajili ya watawala peke yao. Jahazi la kutoka Lamu lenye boriti, meli ya mahujaji, meli iletayo ngano tunayokula huku bara, zote hupita juu ya vipimo vilivyoanza na watu wale, na baadaye vikasahihishwa na wengine. Utawala ule umekwisha zaidi ya miaka 60 sasa. Fungu la mchanga liko pale pale, au limesogea, na lazima mtu alipime tena. Tukizikataa ramani kwa sababu ya mikono iliyozichora, atakayepanda mwamba ni baharia wetu. Ningependa kijana huyo akasirike kwa njia nyingine: aulize kwa nini majina ya marubani wenyeji hayakuandikwa pembeni mwa ramani zile. Jina Kilindini halikupanda juu kwa kamba ya bildi pamoja na tope. Yuko mtu aliyeulizwa, akajibu, na hakuna karatasi yoyote niliyoiona inayomtaja.

Na sasa nije kwenye ziwa letu, maana hasa ndilo lililonifanya nishike kalamu. Wachache wanajua ya kuwa Owen, kabla ya kuja Afrika, alikuwa mpimaji wa maziwa. Baada ya vita vya Uingereza na Marekani alipelekwa Kanada mwaka 1815 kupima Maziwa Makuu ya huko, na alipoondoka alimwachia kazi kijana mmoja, Henry Bayfield, aliyeendelea na maziwa yale na mto St. Lawrence mpaka mwaka 1856. Miaka 40 juu ya maji yasiyo na chumvi! Hawakusema, "Hili ni ziwa tu." Walijua ya kuwa mtu hufa ziwani sawasawa na baharini.

Ziwa letu Stanley alilizunguka mwaka 1875 kwa mashua yake Lady Alice, akachora umbo lake, na mara nyingi alichora kwa macho. Mwanzoni mwa karne ya 20, reli ilipofika Kisumu na meli zikaanza kuunganishwa pale, likapimwa vizuri zaidi kwa ajili ya meli hizo. Kwa ajili ya meli, nasema. Meli hupita katikati, katika maji makubwa, kutoka bandari hata bandari. Wavuvi hawapiti njia hiyo. Wao hupita kati ya visiwa, karibu na matete, usiku. Sisemi habari za MV Bukoba iliyozama mwaka 1996 karibu na Mwanza. Ile ni habari ya chombo kilichozidiwa na watu na mizigo, si ya mwamba, ijapokuwa kilio chake hakijakauka. Nasema juu ya mitumbwi ambayo hufa mmoja mmoja, na redio haitangazi.

Simu za vijana wa mwaloni siku hizi zina ramani ndani. Nimezitazama. Kila kijiji kina jina, kila duka la pikipiki lina alama, na ziwa lote ni rangi ya samawati isiyo na hata nukta moja. Kijana hutazama samawati ile akafikiri ni maji matupu. Wala tusijione sisi tu ndio wenye upungufu huo. Sakafu ya bahari zote za dunia, kwa vyombo vya kisasa, imepimwa kidogo zaidi ya robo yake tu. Lakini kwetu kuna jambo lingine. Ziwa hupanda na kushuka. Kati ya mwaka 1961 na 1964 lilipanda zaidi ya mita 2, na mwaka 2020 likapanda tena hata likavunja kiwango cha zamani. Mwamba ambao babu aliuona ukichomoza, mjukuu hauoni. Mambo aliyofundishwa mzee na macho yake, maji yameyafunika, na mzee naye anaondoka.

Kwa hiyo nina ombi kwa wanafunzi wanaotoka kandokando ya ziwa, nao najua katika shule yetu ni wengi. Wakati wa likizo nendeni kwa wazee wa mwalo wenu, mwaulize majina ya miamba na mafungu. Msiende na dharau, wala msiende na simu imeelekezwa usoni mwake. Kaeni kwanza, jaja amalize chai. Mtu akikuonyesha mwamba, tafuteni alama tatu za pwani zisizohama, kilima, kanisa, mnara wa simu, mzisome kwa dira. Pimeni kina kwa jiwe na kamba yenye mafundo. Andikeni tarehe, na kipimo cha maji siku ile katika gati iliyo karibu, kwa sababu kina bila tarehe katika ziwa linalopanda na kushuka ni uvumi tu. Halafu daftari likae shuleni, mwalimu wa jiografia alitunze, na nakala ibandikwe katika kila mwalo, mahali ambapo mgeni anaweza kuisoma kabla ya kushika usukani.

Kuna hatari moja nami siifichi. Watu waliokufa Scilly walikuwa na ramani. Mwamba ukichorwa mahali pasipo pake, mtu huupita kwa ujasiri na kuangukia ule wa kweli. Wapimaji wa zamani walikuwa na adabu nzuri hapa: mwamba walioambiwa tu, bila kuuona, waliuchora na kuuandikia herufi za kuonyesha ya kuwa mahali pake pana shaka, au ya kuwa hata kuwapo kwake kuna shaka. Hawakuona haya. Nanyi fanyeni hivyo. Mwanafunzi atakayeandika "mzee amesema, mimi sijauona" nitamheshimu kuliko yule atakayejaza karatasi nukta za kupendeza.

Huenda mwalimu mmoja atasema hii ni kazi ya serikali tatu zenye ziwa, si ya watoto wa shule. Ni kweli, na serikali zikileta vyombo vyao vya kupimia kwa sauti tutapiga makofi. Lakini mimi nimengoja tangu kidato cha pili.

Mwezi wa Agosti nilikwenda nyumbani. Mjomba sasa ni mzee, haoni vizuri. Nilichukua dira yangu ya kazi na kamba ya pima 12, tukaingia mtumbwini, yeye akikaa mbele na kuelekeza kwa mkono ingawa haoni. Mti wa kanisa ulikatwa miaka mingi iliyopita na paa la ghala limebadilishwa, kwa hiyo alama walizofundishwa watoto wa mwalo wetu hazipo tena, nao hufuata mazoea tu. Tulitafuta kwa saa nzima. Kamba ilikuwa ikishuka pima 4, pima 4, pima 5, tope. Halafu jiwe likagonga kwa sauti, nusu pima tu chini yetu. Mjomba akasikia kabla sijasema. Akatia mkono majini, akanyamaza.

Nimesoma pembe tatu na nimeziandika. Kamba ile ninayo bado, na mwanafunzi yeyote atakayeihitaji kwa likizo ijayo aniandikie kwa njia ya Mhariri.

Mwanafunzi wa zamani